Nikizima mawimbi ya simu usiku, kwa nini saa ndiyo inayokufa chaji?

Sauti_ya_Debe (mwanzisha uzi)

Wakuu, heshima kwenu.

Nina saa janja niliyoioanisha na simu, huu ni mwezi wa nne. Kila nikipanda kitandani naiweka simu kwenye hali ya ndegeni, maana kuna watu hawajui kulala. Saa naibakiza mkononi inipimie usingizi. Sasa kuna kitu sikielewi. Simu inaamka imepungua asilimia 2. Saa imetoka 74 hadi 36, na mimi nilikuwa nimelala fofofo, sijaigusa. Usiku nikisahau kuzima simu, saa inapungua 12 au 13 basi.

Mimi nilijua ukizima mawimbi unaokoa chaji. Hapa simu inaokoka, saa inateketea. Ni mbovu?

La pili limeniuma zaidi. Juzi nilitega kengele ya saa kumi na moja alfajiri kwenye simu, simu nikaiacha sebuleni, nikijua saa itanitikisa mkono. Haikutikisa. Nafumbua macho jua limeshaingia dirishani, naenda sebuleni nakuta simu iko kifudifudi kwenye kochi, inalia chini ya mto. Kazi yake ilikuwa inaifanya, ila saa haikuwa na habari.

Naombeni mwongozo.

Kunguni_Mweupe

Nimeshaweka kigoda changu hapa. Waje wenye fani.

Chipukizi

Hiyo saa rudisha ulikonunua mkuu. Betri imechoka hiyo.

FundiMawimbi

Asirudishe kitu. Sauti, nijibu kwanza: hiyo saa ina laini yake yenyewe, au inategemea simu kwa kila kitu?

Nauliza kwa sababu hili neno "kuzima mawimbi" linatuchanganya wengi. Ndani ya simu mna redio kadhaa na kila moja ina swichi yake. Kuna ya mtandao wa simu, kuna Wi-Fi, kuna Bluetooth, kuna NFC ile ya kulipia kwa kugusisha. GPS nayo imo, ila hiyo ni sikio tu, inasikiliza satelaiti na haitoi chochote. Hali ya ndegeni ni mkono mmoja unaobonyeza swichi kadhaa kwa mpigo, na si simu zote zinabonyeza zilezile. Kubwa zaidi, inabonyeza swichi za simu. Saa haijaambiwa kitu.

Sasa kaa upande wa saa uone. Zikiwa zimeungana, Bluetooth hii ya kula chaji kidogo inakwenda kwa miadi. Saa na simu zimekubaliana ziamke kila baada ya muda fulani, unaweza kuwa milisekunde 7.5, unaweza kufika hata sekunde 4. Zinasalimiana, kama hakuna jipya zinarudi kulala. Muda mwingi redio imezimwa, ndiyo maana muungano wenyewe hauli kitu.

Siku simu isipotokea kwenye miadi, saa haijui kwamba bwana mkubwa ameamua kulala. Inachojua ni kuwa mwenzake kapotea, basi inaanza kumwita. Kumwita kwa Bluetooth peke yake si hasara kubwa. Shida ni saa yenye Wi-Fi na laini. Ikikosa simu inatafuta Wi-Fi inayoifahamu, ikikosa na hiyo inawasha redio ya laini. Bluetooth ya saa inarusha miliwati chache tu. Redio ya 4G inaweza kupanda hadi miliwati 200, na mnara ukiwa mbali ndivyo inavyozidi kupaza sauti. Betri ya simu ni ndoo, ya saa ni kikombe cha kahawa.

Sauti_ya_Debe

Ina laini yake, mkuu. Na chumbani kwangu mtandao unasumbua, nikitaka kuongea na mtu natoka nje.

FundiMawimbi

Basi umeshajijibu. Wewe unalala, saa yako inakesha ikitafuta mnara.

Nyuki_Mkali

Fundi unaongea kama umeishika hiyo simu mkononi. Yangu nikiiweka kwenye hali ya ndegeni saa haikatiki hata dakika moja, na kengele ya simu inanitikisa vizuri tu. Kwa hiyo hali ya ndegeni haizimi Bluetooth. Tusipotoshane humu.

FundiMawimbi

Nyuki, hujakosea, na mimi pia sijakosea. iPhone ina kumbukumbu. Ukiwahi kuiwasha tena Bluetooth ukiwa ndani ya hali ya ndegeni, safari inayofuata inaiacha iwake. Android kuanzia toleo la 11 ikiona unasikiliza kwa vipokea sauti vya Bluetooth inaacha muungano uendelee. Yako uliwahi kuiwasha siku moja ukasahau, yenyewe haikusahau.

Na kwa kuwa umegusa hapo, nikupe mtego mwingine. Kwenye iPhone ukiburuta ile paneli ya njia za mkato ukagusa alama ya Bluetooth, hujazima redio. Tangu toleo la 11 la iOS, yaani mfumo wa iPhone, mguso ule unakata spika na vipokea sauti, lakini Apple Watch inabaki imeshikana na simu. Halafu ikifika saa kumi na moja alfajiri ruhusa inarudi yenyewe, vifaa vyote vinaungana upya. Ukitaka kuzima kweli, ingia kwenye mipangilio uzimie humo.

Nyuki_Mkali

Nimeingia nikaangalia. Alama ilikuwa kijivu, nikajua imezimwa. Mipangilio inasema imewashwa. Miaka yote hii mimi nazima hewa.

Kunguni_Mweupe

Nyuki kaumwa.

Binti_Anga

Mimi nasafiri na ndege sana kwa kazi, nilishayapitia haya mpaka nikayazoea. Apple Watch ina mpangilio wa kuiga simu: ukiiweka simu kwenye hali ya ndegeni, na saa inaingia yenyewe. Kaka Sauti, ungekuwa nao huo saa isingekesha, maana laini na Wi-Fi yake vinazimwa, Bluetooth inabaki.

Ila kuna sehemu inauma. Kuingia zinaingia pamoja, kutoka kila moja inatoka kivyake. Ukiitoa simu, saa inabaki ndegeni mpaka uitoe kwa mkono wako. Kuna safari nilikuwa nimeizimia saa hadi Bluetooth, nilitaka utulivu kamili. Tumetua, nimeiwasha simu, meseji zimemiminika, saa nimeisahau. Nilikuwa na ndege ya kuunganisha. Nimekaa na kikombe changu naangalia mkononi, naona nina saa nzima na zaidi. Saa ilikuwa bado inahesabu majira ya nilikotoka! Haikuwa na wa kuiambia kwamba tumevuka. Kilichoniokoa ni jina langu kutangazwa, na hata hilo walilitamka vibaya nikakaribia kulipuuza.

Kwa wanaouliza kuhusu sheria za ndani ya ndege: mwaka 2013 mamlaka ya anga ya Marekani, FAA, na ya Ulaya, EASA, ziliruhusu vifaa hivi vidogo vitumike muda wote wa safari vikiwa kwenye hali ya ndegeni. Bluetooth ya masafa mafupi kwa kawaida haina ugomvi. Neno la mwisho ni la wahudumu wa ndege uliyomo, wakisema zima, unazima.

Chipukizi

Sawa, nimekubali si betri. Lakini wakuu, saa ikikatika na simu hatua zangu si zinapotea? Mapigo ya moyo je?

FundiMawimbi

Hazipotei. Kinachohesabu hatua ni kihisi cha mwendo kilicho ndani ya saa, na mapigo yanapimwa na zile taa za kijani chini yake. Damu inafyonza mwanga wa kijani, moyo ukipiga damu inajaa kwenye mishipa, mwanga unaorudi unapungua, saa inahesabu kupanda na kushuka huko. Simu haihusiki hapo hata kidogo. Kazi ya simu ni kuwa daftari. Saa inaandika pembeni, zikikutana inanakili.

Daftari la pembeni lina ukomo lakini. Fitbit, wale wa saa na bangili za kuhesabu hatua, wanasema vifaa vyao vinatunza rekodi ya dakika kwa dakika kwa siku 7, na jumla za kila siku kwa siku 30. Usiku mmoja, hata safari ya siku 3, huna cha kuogopa. Ukizima mwezi mzima ndipo utakuta umebakiwa na jumla tu. Na siku utakayoziunganisha baada ya muda mrefu usiwe na haraka, ziache karibu zimalizane. Watu wengi wanaona namba hazijatokea ndani ya dakika moja, wanafuta muungano waoanishe upya. Hapo sasa ndipo data inapopotelea.

Mbio_za_Kobe

Kwenye hilo la mwisho nimelia mwenyewe. Siku 5 za mazoezi zilikwenda na maji kwa kidole changu hiki.

Niongezee la GPS, maana mimi nakimbia bila simu na mawimbi yote ya saa nimezima. Inafanya kazi, njia inachorwa, umbali unatoka. Ila dakika za mwanzo ni mateso. Utaniona nimesimama mwanzo wa njia, mkono juu kama mwanafunzi anayeomba ruhusa ya kwenda chooni, nasubiri saa ipate satelaiti. Nikiwa nimeiunganisha na simu asubuhi hiyo, inapata ndani ya sekunde chache. Nikikaa wiki bila kuunganisha, nasubiri mpaka mwili unapoa. Fundi, kwa nini?

FundiMawimbi

Swali tamu hili. Mniwie radhi nitarefusha.

Satelaiti za GPS ziko juu kama kilomita 20,200, na ujumbe wanaotuma unakwenda kwa kasi ya konokono: biti 50 kwa sekunde. Ili saa ijue ilipo, lazima kwanza ijue satelaiti zenyewe zipo wapi muda huo. Kila satelaiti inatangaza taarifa hiyo kuihusu yenyewe, na tangazo zima linachukua sekunde 30. Ukipita chini ya mti katikati ya tangazo, saa inakosa kipande, inasubiri mzunguko mwingine. Kuna na ratiba ya satelaiti zote kwa jumla, hiyo kuipokea yote kutoka angani ni dakika 12 na nusu.

Simu inafanya nini sasa? Inapakua taarifa hizo kwenye intaneti, inamkabidhi mdogo wake kwa Bluetooth. Saa inatoka nje ikiwa tayari inajua atafutwe nani na yuko upande gani. Taarifa hizo ni utabiri unaodumu siku chache, ukichakaa saa inarudi kusikiliza angani kama mtu asiye na ndugu. Kobe, wewe unganisha usiku wa kuamkia mbio, subiri zimalize kunakiliana, kisha zima. Mkono utaushusha mapema.

Mbio_za_Kobe

Leo hii nafanya hivyo. Na pia jamani, kulipa kwa kugusisha saa kunakubali hata kama simu iko mbali. Nilikuwa naogopa nitaaibika mbele ya foleni.

FundiMawimbi

Kwa Apple Watch ni kweli. Namba mbadala ya kadi imehifadhiwa kwenye chipu maalumu ndani ya saa, na NFC ni ya sentimita chache tu. Mashine ya muuzaji ndiyo inayowasiliana na benki.

Mzee_Kijana

Vijana mnazungumzia chaji. Mimi huzima kwa ajili ya mionzi. Siwezi kulala na kitu kinachorusha mawimbi kwenye mshipa wa mkono wangu mpaka asubuhi. Na hizo taa za kijani nazo je?

FundiMawimbi

Shikamoo mzee. Taa za kijani ni mwanga tu kama wa taa nyingine yoyote. Mawimbi ya redio nayo hayana nguvu ya kuvunja chembe za mwili kama mionzi ya eksirei. Ni kweli kwamba mwaka 2011 shirika la utafiti wa saratani chini ya WHO, IARC, liliyaweka kwenye kundi la 2B, yaani "huenda yanasababisha saratani", kwa maana ushahidi ulikuwa finyu. Kwa maoni yangu Bluetooth ya miliwati chache inayosinzia muda mwingi si kitu cha kumkosesha mtu usingizi.

Lakini ukitaka kuzima, zima, ni mkono wako. Ila mzee, ukizima simu peke yake na saa ukaiacha, umefanya kinyume cha ulichokusudia. Simu iliyokuwa mezani ndiyo imenyamaza, na saa iliyo kwenye ngozi yako ndiyo imeanza kupiga kelele. Anza na saa.

Mzee_Kijana

Marahaba. Hilo la kinyume sikulifikiria kabisa. Na saa haitapotea majira kwa kukaa hivyo?

FundiMawimbi

Ndani yake mna kipande cha jiwe la kwazi (quartz) kinachotetemeka mara 32,768 kwa sekunde, kama saa za ukutani. Kwazi ya kawaida hupotea kama nusu sekunde kwa siku. Usiku mmoja hutaona kitu, asubuhi ikiungana na simu inajirekebisha.

Nuru_ya_Pembeni

Samahani naingilia, ila kuna watu watasoma uzi huu wakazima kila kitu. Mama yangu ana kisukari, ana kihisi cha sukari mkononi kinachopeleka vipimo kwenye simu kwa Bluetooth, na simu inampa tahadhari hadi kwenye saa. Kuna usiku nilimwekea simu kwenye hali ya ndegeni ili apumzike, Bluetooth ikazimika humohumo. Sukari ilishuka alfajiri na hakuna kilicholia. Nilimkuta ameketi ukingoni mwa kitanda, amelowa jasho, anajaribu kufungua kopo la juisi na mikono haishiki. Alikunywa akakaa sawa, alhamdulillahi. Tangu siku hiyo simu yake siigusi.

Hata ile ya saa kugundua umeanguka na kupiga simu ya dharura, ikikosa simu na ikakosa mtandao, itampigia nani?

FundiMawimbi

Dada Nuru, pole sana, mpe mama salamu. Hili ndilo nilipaswa kuanza nalo. Mwenye kifaa cha afya kinachotumia Bluetooth asizime Bluetooth, nukta. Kama shida ni kelele za meseji, kuna hali ya kutosumbuliwa: meseji zinanyamaza, redio zinabaki, na tahadhari za kiafya unaweza kuzipa ruhusa zipite. Akijaribu, ajaribu mchana kwanza asikie kwa masikio yake kwamba zinapita.

Sauti_ya_Debe

Wakuu nimerudi. Nimefanya majaribio ya usiku tatu, kila usiku nimelala na saa ikiwa juu ya 70.

Usiku wa kwanza nimeiweka simu kwenye hali ya ndegeni nikaiwasha Bluetooth peke yake. Saa nayo ndegeni, Bluetooth yake ikabaki. Imepungua 10. Kengele ya simu imenitikisa mkononi, simu ikiwa kwenye kabati la nguo chumbani humohumo.

Usiku wa pili nimezima kila kitu pande zote mbili, Bluetooth nimeizimia kwenye mipangilio. Imepungua 9. Kengele nimeitega kwenye saa yenyewe, nimeamka nayo. Usingizi umerekodiwa wote, na nilipoziunganisha asubuhi grafu imeingia kwenye simu kama kawaida.

Usiku wa tatu nimerudia ujinga wangu wa mwanzo, simu imezimwa saa haijaguswa. 37!

Nyuki_Mkali

Usiku mmoja mmoja si kipimo mkuu. Rudia.

Sauti_ya_Debe

Nitarudia, ila hiyo 10 na 9 imeshanitosha. Nilikuwa naiona Bluetooth ndiyo mwizi, kumbe ni mpita njia. Nitabaki na mpango wa usiku wa kwanza.

Nuru_ya_Pembeni

Na simu usiirudishe sebuleni kaka. Bluetooth na ukuta hawapatani.

Sauti_ya_Debe

Nimeelewa dada.

Kunguni_Mweupe

Sauti, jana mchana nimekuandikia inboksi zaidi ya mara tatu. Unajibu huku tu?

Sauti_ya_Debe

Ngoja.

Eti wakuu, nimekaa tangu asubuhi nasema leo dunia imetulia, mkono haujatikisika hata mara moja. Simu naitoa ndegeni kila siku, ila arifa zake nilishazinyamazisha zamani nikitegemea saa. Nimeangalia mkononi sasa hivi, kindege bado kipo, na Bluetooth sijairudisha tangu nilipojaribu tena kuzima kila kitu juzi.

Binti_Anga

Karibu kwenye chama. Mwenyekiti ni mimi.